Dakika za njiani ni kazi, zidai

Ndugu zetu wengi waliokwenda Uingereza kwa viza ya kuhudumia wazee hushinda barabarani. Nusu saa nyumba hii kumwogesha bibi, nusu saa nyumba ile kumlisha babu na kumpa dawa. Ndivyo wanavyowalea wazee wa nchi iliyotutawala, na hapo barabarani ndipo wanapodhulumiwa.

Chukua zamu moja. Nyumba 12 za dakika 30 ni saa 6. Mwendo wa dakika 15 kati ya nyumba na nyumba, mara 11, ni saa 2 na dakika 45. Mwajiri ameahidi £13 kwa saa, ila analipa zile saa 6 tu: £78. Gawanya kwa saa 8 na dakika 45, unabaki na £8.91 kwa saa. Kima cha chini kilichoanza Aprili 2025 kwa mwenye miaka 21 na zaidi kilikuwa £12.21.

Sheria inauhesabu mwendo wa kutoka kwa mteja hadi kwa mteja kuwa kazi. Kutoka kwako asubuhi na kurudi usiku hakumo. Petroli ya kazini usiyorudishiwa nayo hutolewa kwenye mshahara kabla ya kuulinganisha na kima cha chini. Lakini hesabu ni ya kipindi kizima cha malipo, wiki au mwezi, kwa hiyo siku moja mbaya haithibitishi kitu.

Andika kila siku saa ya kufika na ya kutoka kila nyumba. Piga picha ya ratiba iliyo kwenye simu jioni hiyohiyo, maana ukiachishwa kazi programu hufungwa na ushahidi unapotea nayo. Salari slipu ni haki yako. Acas, shirika la umma linaloshughulikia haki za kazi, wanashauri bure.

Watu hunyamaza kwa sababu viza imefungwa kwa mwajiri mmoja. Akikufukuza, au akinyang'anywa leseni ya kudhamini wafanyakazi kutoka nje, Home Office (wizara ya mambo ya ndani ya Uingereza) kwa kawaida hukupa siku 60 upate mdhamini mwingine au uondoke. Ni muda mfupi mno! Anza kutafuta kabla hujalalamika; orodha ya waajiri wenye leseni iko wazi kwenye tovuti ya serikali.

Na wewe uliye Dar au Nairobi: tangu 22 Julai 2025 wahudumu wa wazee hawaajiriwi tena kutoka nje. Anayekuuzia CoS (cheti cha udhamini cha kuombea viza) ya kazi hiyo leo anakuuzia karatasi.