Matundu ya bati

Kijana anayenunua vyuma chakavu alipita na mkokoteni wake Jumamosi, akasimama getini kwetu hapa Sakina, Arusha, akalikodolea macho banda la kuku. "Shikamoo mama. Hilo bati la juu nakupa bei nzuri." Mama aliitikia marahaba bila kuinua uso kwenye ungo wa maharage. "Hilo haliuzwi, mwanangu. Chukua ile ndoo iliyotoboka." Kijana akanitazama mimi, mimi nikatazama kuku.

Kwa mbali ni bati kuukuu tu, kingo zimeliwa na kutu. Ukilisogelea ndiyo unaona matundu ya misumari. Hayajapangwa mstari mmoja kama ya fundi. Yametawanyika, mengine yamezibwa kwa lami, mengine kwa sabuni ya mche iliyokauka hadi ikawa jiwe. Kila kundi la matundu ni kibanda kimoja, na kila kibanda ni kipande kimoja cha msitu tulichokilima miaka mitatu kisha tukaambiwa tupishe. Kuanzia 1989 hadi 2004.

Baba alizaliwa Kibosho, mtoto wa kati. Mchaga anayesoma hapa ameshaelewa, ngoja niwaeleze wengine. Kwa desturi, mtoto wa kwanza wa kiume hutafutiwa kihamba chake (shamba la nyumbani la kurithishana), kitinda mimba hubaki na kihamba cha wazazi, na wa kati hupewa baraka na nauli. (Kaka zangu hawapendi nikisema hivyo, lakini wao hawakukulia kibandani kama mimi.) Babu alikuwa na wana watano na kihamba kisichofika eka mbili: migomba, kahawa chini yake, mfongo, yaani mfereji wa maji, unaopita pembeni maji yakija kwa zamu. Hapakuwa na cha kugawa. Baba akaja Arusha, akapata kibarua kwenye kitalu cha miche ya miti upande wa Olmotonyi, kujaza udongo kwenye vifuko kuanzia asubuhi hadi saa tisa.

Ardhi ya kununua ilikuwa ndoto. Mlima Meru juu una msitu wa serikali, chini watu wamebanana. Majirani zetu Wameru wa upande wa mashariki wanaijua hadithi hiyo kwa uchungu zaidi: mwaka 1951 serikali ya kikoloni iliwafukuza kwenye ardhi yao ya Engare Nanyuki ili walowezi wapate mashamba ya mifugo, na mwaka uliofuata Mmeru mwenzao, Kirilo Japhet, akaenda New York kulalamika mbele ya Umoja wa Mataifa. Sembuse kibarua wa kitaluni mwenye watoto wanne.

Basi kilichobaki ni msitu wenyewe. Utaratibu ulikuwa hivi: misonobari ikishakomaa inavunwa yote kwenye eneo moja, matawi na vichwa vya miti vinachomwa, kisha eneo linakatwa vipande na kugawiwa watu. Kwetu walipiga kura kwa vikaratasi vyenye namba ndani ya kofia ya bwana misitu. Unalima chakula chako, na katikati ya mazao yako inapandwa miche ya miti, mmoja kila hatua tatu. Nusu eka yetu ilikaa miche kama 220, na mama aliijua yote kama mtu anavyojua mbuzi wake. Hukulipwa kuipalilia. Palizi ndiyo ilikuwa kodi.

Mwaka wa kwanza ulikuwa raha, sitadanganya. Asubuhi baada ya moto ardhi nzima ni nyeusi na kijivu, bado ina joto, ukikanyaga na ndala unalisikia kwenye unyayo. Mama alikuwa akichota majivu kwa kiganja, anayapuliza kidogo, anatazama yaliyobaki. Sijui alikuwa akitafuta nini, na nilipomuuliza alisema, "Naangalia tu." Siku hizi ninaweza kueleza kwa nini viazi mviringo vilitoka vikubwa kama ngumi: majivu yana potasiamu na fosforasi iliyokuwa imefungwa ndani ya miti, yanapunguza uchachu wa udongo, moto umeua mbegu za magugu zilizokuwa juujuu, na ugonjwa wa mnyauko haujafika pale kwa sababu viazi havijapandwa miaka mingi. Mama alieleza kwa kifupi zaidi: "Hapa pamepumzika."

Vile viazi ndivyo vilivyonipeleka kidato cha kwanza mwaka 1998. Tulishuka navyo Ngaramtoni siku ya soko, na mnunuzi akataka lumbesa kama kawaida yao, gunia linajazwa hadi linashonewa kilemba juu, unalipwa gunia moja wakati umetoa karibu moja na nusu. Mama alibishana hadi sauti ikakauka, mwisho akauza. Daftari zangu za muhula ule zingetoka kwenye kile kilemba cha gunia ambacho hakikulipwa, ndivyo nilivyokuwa nikihesabu kichwani.

Mwaka wa pili ni mahindi na maharage, mavuno ya kawaida, magugu yameshajua njia. Mwaka wa tatu miti inakufika kiunoni, kisha kifuani, maharage yanatafuta jua. Hapo ndipo nguruwe pori nao wanazidi, kwa sababu wana pa kujificha. Tulilala kibandani kwa zamu, debe tupu na fimbo mkononi, tukipiga kelele gizani kwa sauti nene ili ionekane yupo mwanaume. Wapo waliokuwa wakikata mizizi ya miche kwa siri ili isikue haraka, wapate msimu mmoja zaidi. Siwataji. Mama hakuwahi, lakini pia hakuwahi kuwasema.

Kilichokatazwa kabisa ni kupanda kitu cha kudumu. Mchaga hutambua mpaka wa kihamba kwa masale, mimea ya majani marefu inayopandwa mpakani. Ukitaka kuomba msamaha mzito unapeleka jani la sale. Msituni tulichomeka vigingi vya mti mkavu, kwa sababu sale linashika mizizi, na anayeshika mizizi anaanza kuitwa mvamizi. Kwenye kipande cha tatu mama alipanda mgomba mmoja nyuma ya kibanda. Mmoja tu, chipukizi aliloletewa kutoka Kibosho likiwa limefungwa kwenye kanga. Uliishi miezi saba. Bwana misitu wa wakati huo alipita kukagua, akauona.

"Mama, hapa si kihambani."

"Najua, baba. Ni wa kivuli cha mtoto."

Akaung'oa mwenyewe, kwa jembe letu. Hakuwa mtu mbaya, aliomba hata samahani. Mama alikata kile kigogo vipande vipande akampa mbuzi wa jirani, na jioni hiyo hakuna aliyesema kitu kibandani.

Haya yote nimeyakumbuka kwa sababu ya mpwa wangu wa darasa la sita. Wiki iliyopita alikuwa anakariri mezani kwamba kilimo cha kuhamahama ni kilimo duni, mkulima anafyeka, anachoma, analima, ardhi ikichoka anahamia kwingine, na kwamba kinaharibu misitu. Bibi yake akamuuliza kutoka jikoni, "Na anayehamishwa naye anaitwaje?" Mtoto akatafuta kwenye daftari.

Mfumo tuliolimia sisi ulitokana na kilimo hicho hicho kinachotukanwa. Wataalamu wanauita taungya, neno la Kiburma lenye maana ya shamba la mlimani. Mjerumani mmoja, Dietrich Brandis, aliajiriwa na Waingereza mwaka 1856 kusimamia misitu ya misaji, miti ya mbao ngumu, huko Burma (leo Myanmar), akakuta Wakaren, watu wa kule, wanafyeka mlima, wanachoma, wanalima, wanauacha upumzike. Badala ya kuwafukuza, aliwaruhusu waendelee kulima ila wapande misaji ndani ya mashamba yao. Msitu wa serikali ukapata wapandaji wa bei rahisi. Wazo likazunguka dunia nzima hadi likafika kwenye kofia yenye vikaratasi pale Olmotonyi.

Sisemi ni mfumo mbaya. Tulikula, tulisoma, na ile miti ilisimama. Lakini kuna kitu kimekatwa katikati. Wabemba wa Zambia, kwenye chitemene yao, hukata matawi, wanayarundika na kuyachoma ili wapande ulezi, kisha wanahama, ila ni wenyewe wanaosoma ardhi na kuamua imechoka au bado. Sisi tuliamuliwa na urefu wa msonobari. Misonobari ya kipande chetu cha kwanza ilipofikia kuvunwa, aliyeokota namba ya pale ni mtu tusiyemjua, na mama alishakuwa na nyumba hii ya Sakina. Vibanda tulivyojenga havikuacha hata jiwe la jiko, maana mafiga nayo tulihama nayo.

Nyuma ya banda la kuku kuna migomba mitano na safu fupi ya masale ambayo haigawi chochote, ukuta wa jirani uko pale pale. Nilimwambia mama mara moja kwamba masale yale hayana kazi. Aliniangalia tu.

Kijana wa vyuma alipoondoka na ndoo yake nilipanda kwenye stuli nikahesabu makundi ya matundu. "Matano," nikamwambia. "Vibanda vitano."

"Sita."

"Matano, mama, nimehesabu."

"Umesahau hili la kuku," akasema, akiendelea kupepeta. "Na lile tundu la pembeni linavuja. Lete kipande cha sabuni."