Kuunga mkongo wa kore 48 porini Bahi

Mkongo wa mawasiliano ulikatwa na katapila la watu waliokuwa wakichimba mtaro wa bomba la maji, kando ya barabara ya Dodoma kwenda Singida, upande wa Bahi. Ulikuwa wa kore 48, yaani nyuzi 48 za kioo zinazopitisha mwanga: tyubu nne, kila moja na nyuzi 12. Mei 2024, mikongo ya baharini ya EASSy na Seacom ilipokatika, habari ilienea kila mahali. Mkongo wa nchi kavu ukikatika hakuna anayetangaza, lakini mji mzima unaweza kukosa huduma vilevile, na anayeurudisha ni fundi aliyepiga magoti shimoni.

Tulipofika, mtaro ulikuwa umeshafukiwa na katapila halipo. Mwenzangu alibaki chumba cha mitambo Dodoma na OTDR, kile kifaa kinachorusha mwanga ndani ya kioo na kupima muda ambao mwangwi wake huchukua kurudi. Namba inayotoka pale ni urefu wa kioo, si urefu wa barabara. Ndani ya tyubu nyuzi huachwa ndefu kidogo kuliko ganda, na kwenye chemba, yale mashimo yaliyojengewa kando ya njia ya mkongo, kuna mizunguko ya akiba. Ukifuata namba hiyo kwa kilomita za gari, utachimba pasipo na kitu. Nikampigia simu: "Kaka, usinipe umbali kutoka Dodoma. Nipe umbali kutoka kloja ya mwisho unayoiona kabla ya pale palipokatika." Kloja ni kasha linalofunika mahali mkongo ulipoungwa, na ile tulijua ilipozikwa. Tukapima kwa utepe kuanzia hapo, tukachimba, tukaukuta.

Katapila halikati mkongo kama kisu, linauvuta kwanza. Kwa hiyo nyuzi huvunjika ndani ya ganda mita kadhaa mbali na jeraha unaloliona, na kwa nje ganda linaonekana zima. Nilirudi nyuma pande zote mbili hadi OTDR ikaonyesha kioo kizima mpaka ncha niliyoishika. Pengo tuliliziba kwa kipande cha mkongo mpya, na maana yake ni kloja mbili badala ya moja. Ni kazi mara mbili, lakini kuvuta mkongo wa zamani ili ncha zikutane ni kujitafutia kurudi tena.

Bahi kuna upepo na vumbi. Tulisimamisha hema, tukafunga upande wa upepo, mashine ya kuunga nyuzi ikakaa juu ya meza. Kabla ya kuunga uzi wowote nilifanya urekebishaji wa cheche, maana cheche inayoyeyusha kioo hubadilika kulingana na hewa ya mahali ulipo, na mashine ilikuwa imetoka kazini pwani.

Hapa ndipo napenda vijana wanaoanza fani hii wakae kidogo. Kiini cha uzi, mahali mwanga unapopita, kina upana wa mikroni 9 hivi. Kioo chote ni mikroni 125, kinene kidogo tu kuliko unywele wa kawaida wa mtu. Chembe moja tu ya vumbi pale inatosha kuharibu kiungo. Mashine inaweza kuwa ya bei kubwa kuliko gari lililowaleta, lakini haisafishi kwa niaba yako. Futa jeli yote ya tyubu. Ingiza kwanza kile kifuko cha kulinda kiungo, kwa sababu baada ya kuunga hakiingii tena. Menya uzi, ufute kwa tishu yenye alkoholi safi mpaka ulie kwi kwi, kisha ukate kwa kliva, kile kikatio cha kioo, na ukishakata usiuguse wala usiufute tena. Nilikuwa nakubali ncha iliyokatwa kwa pembe isiyofika digrii moja. Ikizidi, narudia bila kubishana na mashine. Vipande vya kioo vinaingia kwenye chupa yenye kifuniko, kila kimoja, kwani kikikuingia kidoleni hukioni.

Tulianza na nyuzi zilizobeba huduma. Orodha tulikuwa nayo: tyubu ya buluu, kisha ya machungwa. Huduma zilianza kurudi wakati tyubu ya kijani na ya kahawia bado zinaning'inia, na hilo ndilo wateja walilohitaji.

Mashine ilikuwa ikiandika upotevu wa mwanga wa desibeli 0.01, 0.02, namba za kupendeza. Hayo ni makadirio yanayotokana na picha ya kiungo. Kipimo chenyewe ni OTDR, tena kutoka pande zote mbili. Kwenye kloja ya kwanza, kutoka Dodoma, kore moja ilionyesha kwamba mwanga umeongezeka kwa 0.06. Kiungo hakiwezi kuzalisha mwanga. Kioo kipya kilikuwa kinarudisha mwangwi mwingi kuliko cha zamani, na OTDR husoma mwangwi. Tulipopima kutoka upande wa Singida, kore ileile ilionyesha upotevu wa 0.16. Wastani wake ni 0.05, kiungo kizuri kabisa. Fundi aliyepima upande wa Singida peke yake angekifungua na kukivunja bure.

Kore nyingine ilikuwa kesi tofauti: kwenye mwanga wa urefu wa wimbi wa nanomita 1310 safi, kwenye 1550 inapoteza, kwenye 1625 inapoteza zaidi. Tabia hiyo ni ya uzi uliokunjwa, haihusiani na kiungo, kwa sababu mawimbi marefu ndiyo yanayovuja kwanza kwenye kona. Nikafungua kloja. Kwenye trei, sahani ya ndani inayoshika nyuzi, mzunguko mmoja ulikuwa umebanwa na ukingo wa kifuniko. Niliulegeza, nikaurudisha kwenye mduara mpana wa trei, na mwenzangu akasema kwenye simu: "Imenyooka, kaka. Funga."

Tulifunga kloja, tukazizika kwenye chemba pamoja na mizunguko ya akiba, tukaweka utepe wa tahadhari juu ya mkongo kabla ya kurudisha udongo. Kabla ya kuondoka niliandika kwenye ramani mahali pa kloja zote mbili na urefu wa kioo kipya, ili atakayepigiwa simu safari nyingine aanze kuhesabu kutoka hapo.