Dakika Mbili za Kericho

Matatu ya Kisumu iliondoka Nakuru ikiwa imejaa, nami nimebanwa dirishani na begi la kamera mapajani.

"Wewe ni wa televisheni?" makanga akauliza.

Nikamwambia natengeneza filamu zangu mwenyewe, zisizo na mtangazaji wala muziki.

"Sasa nani atatazama?"

Nikajifanya naangalia nje.

Safari hii nilikuwa nafuata sharti la Harun Farocki, Mjerumani aliyetumia maisha yake kuzichunguza picha na mashine zinazozipiga. Mwaka 2011 yeye na mkewe Antje Ehmann walianza kufundisha watu katika miji 15, Cairo na Johannesburg zikiwemo, kurekodi kazi za watu: dakika moja au mbili, bila kukata hata mara moja. Ni kurudi sinema ilikoanzia. Mwaka 1895 ndugu Lumière, Wafaransa waliokuwa miongoni mwa waanzilishi wa sinema, walitega kamera mbele ya kiwanda chao Lyon wakawanasa wafanyakazi wakitoka, kwa muda usiofika dakika. Sharti jepesi, hadi utafute pa kusimama.

Nilishuka Kericho. Mlinzi wa shamba kubwa alinifukuza kwa adabu, basi nikatega kamera kando ya barabara. Wanaume wawili wakaja wameshikilia mashine ya kuchumia chai, mmoja huku na mwingine huku, inanguruma, mfuko umefura nyuma. Wakaingia kwenye fremu, wakatoka. Muda uliobaki nilirekodi michai iliyonyolewa. Mei 2023 waandamanaji walizichoma moto mashine za kuchumia chai hapa Kericho, na ukiona zinavyokwenda kasi huulizi kwa nini.

Mbele kidogo, kwenye kishamba cha familia, mama mmoja alikuwa akichuma kwa mkono. Majani mawili na chipukizi, anavunja kwa kidole gumba; kiganja kikijaa anarusha nyuma ya bega bila kugeuka, na hakuna jani linalokosa kikapu. Muda wote hakutoka nje ya fremu.

"Shikamoo mama. Naomba nikurekodi ukichuma."

"Marahaba. Rekodi tu, mwanangu." Kamera ikiwa tayari inanasa, akaendelea: "Mara ya mwisho mtu kunisimamia hivyo nilikuwa kibarua kule kwa kampuni. Alikuwa na saa na kalamu. Baadaye zikaja mashine."

Maneno hayo yamo, na siwezi kuyakata.

Kutoka hapo ni mteremko mpaka joto la Ahero na mashamba ya mpunga. Jioni, Kondele mjini Kisumu, niliwaonyesha vijana wa boda video ile kwenye simu yangu.

"Mbona haiendi?" mmoja akasema, na kabla sijamjibu, kidole chake kikaisukuma mbele mpaka mwisho. Hata sauti ya mama hakuisikia.

Kesho yake asubuhi nilimrudia pale stejini nikamwomba aitazame tena, kamera nimeielekeza kwenye kidole chake. Akataka mia mbili kwanza.