Mimbari tupu

"Lakini dada, si watazamaji wenyewe ndio waliotaka kumwona Trump kwenye televisheni?"

Mdogo wangu alisema hayo Jumapili huku akifuta vyombo, na tangu siku hiyo neno lake limenikaa kooni. Wiki hii tumehama studio na bosi ametuaga, lakini mimi bado nipo pale jikoni. Nilimjibu, "Ndiyo, walitaka." Ndiyo ya nini?

Ningemwambia habari za 15 Machi 2016. Bernie Sanders, aliyekuwa akiwania urais wa Marekani kupitia chama cha Democratic, alikuwa anahutubia mjini Phoenix. Televisheni za CNN, Fox News na MSNBC zilielekeza kamera kwenye mimbari ya Donald Trump, naye akiwania urais, na Trump mwenyewe hajatokea. Mbao na maikrofoni! Mtazamaji gani aliomba hiyo? Nani asiyeijua hofu ya chumba cha matangazo: ukihamia kwingine naye akapanda jukwaani, mwenzako anayo picha, wewe huna. Hofu ndiyo iliyochagua. Mwezi huo huo kampuni ya mediaQuant, inayopima thamani ya kutajwa kwenye vyombo vya habari, ilikadiria kwamba nafasi aliyopata Trump bure kwenye vyombo hivyo ilikuwa na thamani ya karibu dola bilioni 2.

Si watazamaji, mdogo wangu. Si wao.

Na zile simu ambazo Trump alipiga kwenye vipindi vya asubuhi, akahojiwa bila kufika studio! Mgeni aliye kwenye simu haoni karatasi unayomwonyesha, na ukimkatiza sauti zinagongana, hakuna anayesikika. Anayepaza zaidi ndiye anayebaki hewani.

Nikifika hapa napoa kidogo, maana Oktoba 2016 Jeff Zucker, aliyekuwa akiiongoza CNN, alikiri kwamba mwanzoni walirusha mikutano ya Trump mingi kupita kiasi. Kumbe linasemeka. Na dawa ipo, tena kila zamu inaiweza: rekodi hotuba, usiirushe mubashara, kata kipande chenye habari, kipime kwa nyaraka, ndipo kiende hewani. Kazi ngumu ni maandishi ya chini ya skrini, kwa sababu wengi hutazama sauti ikiwa imezimwa. Ukiandika "Trump: Uchaguzi umechakachuliwa", msomaji anaondoka na uchakachuaji. Andika "Hakuna ushahidi wa uchakachuaji, Trump arudia dai". Ukweli utangulie, kwa sababu mstari ukiwa mrefu hukatwa mwishoni, na kinachokatwa kisiwe ukweli.

Jumapili hii nitamwambia yote, hata kama vyombo vitabaki bila kufutwa.