Mto Lavant, mto unaopanda kutoka chini

Mara ya kwanza nilipoonyeshwa Mto Lavant ulikuwa mwezi wa Septemba, na mwenyeji wangu alilazimika kunielekeza kwa kidole mara mbili, kwa sababu nilichokuwa nikikitazama kilikuwa mtaro wa nyasi, na mbwa wa jirani alikuwa akikimbia katikati yake bila kulowa hata ukucha. Kwa mtu aliyekulia karibu na makorongo ya Dodoma, mto mkavu si ajabu; ajabu ni kuukuta Uingereza, nchi ambayo tumezoea kusikia kwamba mvua yake haikatiki.

Lavant huanzia East Dean, kijiji kidogo kilichomo katika vilima vya South Downs, West Sussex. Hupita Charlton na Singleton, kisha hupinda kuelekea kusini kupitia West Dean na vijiji vinavyobeba jina lake, hadi mji wa Chichester, ambako sehemu yake imefunikwa na kupitishwa katika makalvati chini ya mji. Huishia katika maji ya bahari upande wa Apuldram. Ni safari fupi, ambayo mtembezi mzuri anaweza kuimaliza kwa siku moja.

Vilima hivyo ni vya chaki, mwamba mweupe wenye nyufa nyingi, na hapo ndipo penye siri yote. Mvua ikinyesha, maji mengi hayatiririki juu ya ardhi bali huzama, na mwamba huendelea kuyanywa kwa wiki na miezi kama mtungi mpya. Kina cha maji ya ardhini kinapopanda hadi kufikia sakafu ya bonde, ndipo mto huamka, kwa kawaida katika majira ya baridi, na kiangazi hulala tena. Niliporudi Februari niliukuta ukitiririka kwa utulivu, maji yakiwa maangavu kiasi kwamba nyasi zile zile za Septemba zilionekana chini yake, bado za kijani, zimelala upande mmoja kama nywele zilizochanwa.

Kwa hiyo anayetaka kujua kama Lavant utafurika hana budi kutazama visima kabla ya mawingu. Katika bonde la jirani kuna kisima cha Chilgrove, ambacho kina cha maji yake kimepimwa tangu 1836. Ni kumbukumbu chache sana za aina hiyo duniani zenye umri kama huo. Januari 1994, baada ya majira ya mvua nzito, kisima hicho kilijaa hadi maji yakamwagika juu, na Lavant ukabeba maji mengi kuliko makalvati ya Chichester yalivyoweza kuyapitisha. Mitaa ya mashariki ya mji ilijaa maji, barabara kuu ya A27 ikafungwa, na wanajeshi wakaja kujenga madaraja ya muda ya chuma. Mafuriko ya namna hii hayana haraka: mvua inaweza kukatika na jua likatoka, lakini mwamba bado unatema ulichokinywa, siku baada ya siku.

Mafuriko yalirudi mwaka 2000. Hatimaye ulichimbwa mkondo wa kupunguza maji, unaoyachepusha mashariki ya mji kuelekea Pagham Harbour. Inaaminika kwamba huko ndiko mto ulikokuwa ukielekea zamani, kabla Warumi hawajaugeuza uje mjini kwao. Waswahili husema maji hufuata mkondo. Haya yamesubiri karne nyingi kurudishiwa wa kwao.

Mwenyeji wangu, ambaye nyumba yake iko hatua chache tu kutoka mtaro ule, hajishughulishi sana na utabiri wa mvua. Krismasi ikipita, hufungua simu kila asubuhi kusoma kina cha maji cha Chilgrove, na kikikaribia mdomo wa kisima, hukunja zulia la sebuleni na kulipandisha ghorofani.