Kiuno kilikuwa kinauma, kumbe kilichoganda ni mgongo wa juu

Mafundi cherehani wenzangu naandika hii kwa ajili yenu hasa, ila hata anayeendesha bodaboda au anayekaa dukani siku nzima itamsaidia. Mi nashonea Mwanga hapa Kigoma mjini, kazi yangu kubwa ni vitenge, magauni ya send-off na sare za harusi, na kipindi cha sikukuu unajua wenyewe, mtu anakuletea doti leo anataka kesho, unainama kwenye mashine tangu asubuhi mpaka usiku. Kiuno kikaanza kukaza, nikiinuka lazima nishike meza kwanza nisimame kidogo ndo nitembee, na mteja akiniita kutoka mlangoni nyuma yangu siwezi kugeuka, nageuka na stuli yote.

Nyumbani mama mkubwa akawa ananichua na mafuta ya mise (ya kokwa za mchikichi) ya moto, inatuliza kweli na mpaka leo napenda kuchuliwa, ila asubuhi ukaaji ni uleule na maumivu yaleyale. Akasema "mwanangu lala, mgongo unataka utulivu." Wengi tumelelewa hivyo, na mtu wa pembeni yangu akaniambia ninunue mkanda wa kiuno. Nilichofanya nikaenda hospitali nikaomba kuonana na mtu wa fiziotherapia, wale wanaotibu viungo kwa mazoezi.

Yule dada hakuanza na kiuno. Alinikalisha kitandani, nikakunja mikono kifuani, akaniambia geuka kulia, geuka kushoto, bila kuinua makalio. Kulia nilienda kidogo tu nikagota. Akaweka kiganja katikati ya mabega yangu akasema "dada yangu, panapouma ni kiuno, ila palipoganda ni hapa juu." Akanieleza vizuri sana, kwamba uti wa mgongo una pingili 24 zinazocheza, 7 za shingo, 12 za kifuani na 5 za kiunoni, chini ya hapo zimeungana. Sasa zile 5 za kiunoni zimeumbwa zaidi kwa kuinama na kuinuka, kuzunguka zinazunguka kidogo mno, kazi ya kuzunguka ni ya zile 12 za kifuani pamoja na nyonga. Ukikaa umejikunja juu ya cherehani miaka na miaka zile 12 zinakaza, nyonga nazo zinakaza kwa mbele kwa sababu ya kukaa, kwaiyo kila ukigeuka kuchukua mkasi au kitambaa anayelipa ni kiuno.

Na hili la utulivu alinielewesha pia. Kati ya pingili na pingili kuna diski, kama kijimto, na diski za mtu mzima karibu zote ndani hazina mishipa ya damu, chakula chake kinaingia kwa kupenya taratibu, na kujongea kunasaidia maji yaingie na kutoka. Ukilala siku nzima unaunyima mgongo chakula. Baadaye nikasoma kuwa Shirika la Afya Duniani lilitoa mwongozo mwaka 2023 kuhusu maumivu ya kiuno ya muda mrefu, mazoezi yamo kwenye yanayopendekezwa, mikanda ya kiuno imo kwenye yasiyopendekezwa. Nikafurahi hela yangu ikabaki kwenye uzi na zipu.

Mazoezi yenyewe ni mepesi, nafanya kwenye mkeka barazani. Naanza na la paka, magoti na viganja chini, navimbisha mgongo juu taratibu huku natoa pumzi halafu naushusha huku navuta, bila kulazimisha mwisho kabisa, lengo ni kila pingili ichezecheze tu.

Linalofuata ndo lililonibadilisha mimi. Unalala ubavu, magoti umeyakunja mbele, mikono miwili imenyooka mbele viganja vimekutana, halafu mkono wa juu unaufungua pole pole kwenda nyuma yako kama unafungua kitabu, macho yaufuate mkono, ila magoti yasiachane, yakiachana tu ujue umeanza kuzungusha kiuno na sio kifua. Mwanzoni mkono wangu ulikuwa unaning'inia hewani bega linavuta, nikachukua fuko la vipande vya vitenge nikaliweka nyuma ili mkono upumzikie hapo, nikawa napumua tu. Kadiri siku zinavyoenda nalipunguza lile fuko, vipande vinatoka kimoja kimoja, mpaka mgongo wa mkono ukagusa mkeka. Ile siku nilimuita mama mkubwa aje aone.

Nyonga nazinyoosha kwa kupiga goti moja chini na kusukuma mwili mbele kidogo, kifua wima. Halafu namaliza kwa kulala kifudifudi, naegemea viwiko, ikikubali nasukuma na viganja kifua kiinuke nyonga zibaki chini. Hili limesambazwa sana na mtaalamu wa fiziotherapia Robin McKenzie wa New Zealand, na lina kanuni yake: kama maumivu yalikuwa yanashuka mguuni na sasa yanapanda kurudi kiunoni, endelea, ila yakizidi kushuka mguuni acha hapohapo.

Kazini sikuweka alamu ya kunikumbusha kuinuka. Uzi wa bobini ukiisha nainuka, basi. Naweka viganja kiunoni naegemea nyuma kidogo, nageuka kulia na kushoto, ndo nazungusha uzi mwingine. Stuli nimeiongezea mto ili nyonga ziwe juu kidogo ya magoti.

Asubuhi nako kuna jambo. Usiku diski zinavuta maji, ndo maana mtu akiamka ni mrefu kidogo kuliko jioni, na mgongo unakuwa mgumu kuinama. Sisi tumezoea kutoka kitandani moja kwa moja kwenye fagio la chelewa kufagia uwanja umejikunja. Mi sasa nawasha jiko kwanza, naandaa chai, natembeatembea, uwanja unafagiwa baadaye, na fagio nimelifunga kwenye mti mrefu.

Ila jamani sio kila mgongo ni wa mazoezi. Ukisikia ganzi sehemu za siri na unapokalia, ukishindwa kuzuia mkojo au haja, au mguu unakosa nguvu, hospitali siku hiyohiyo, usisubiri kesho. Na maumivu ya mgongo yenye homa, jasho la usiku na kukonda, kapime, TB inaweza kukaa kwenye uti wa mgongo pia na inatibika.

Kuna wateja wangu wa Kibirizi wanaoanika dagaa, wao wanashinda wameinama, nikawaonyesha la kuegemea nyuma wakiwa wamesimama, kila wakimaliza kutandaza eneo moja. Mmoja magoti yanamsumbua hawezi la paka chini, yeye anaweka viganja kwenye ukingo wa kichanja, anavimbisha mgongo na kuushusha vilevile amesimama, na inafanya kazi hivyohivyo.