Glasi kushoto, jiwe kulia

Nilifundisha fizikia miaka saba katika sekondari moja ya Tanga kabla sijaenda kusoma Saskatoon, Kanada. Kwa hiyo jioni ile ya Januari 2014, nilipomwambia mzee mwenye nyumba wangu kwamba jiwe lake litapinda kushoto, sikuwa nakisia. Nilikuwa nasahihisha.

Nje ilikuwa nyuzi hasi 30, baridi ile ya kugandisha vinyweleo vya puani ukivuta pumzi. Mzee, mkulima wa ngano aliyestaafu, alinionea huruma kwa jinsi nilivyokuwa nashinda chumbani na vitabu. Akanipakia kwenye gari lake pamoja na rafiki yangu mmoja wa Kitale, dada muuguzi, akatupeleka tukaone kalingi. Saskatchewan nzima inaupenda mchezo huo kama sisi tunavyopenda mpira. Ndio mchezo rasmi wa jimbo.

Kwa asiyeujua: timu mbili za watu wanne wanne hutelezesha mawe ya granaiti kwenye njia ya barafu ya mita 45 hivi, kuelekea kwenye miduara iliyochorwa upande wa pili, iitwayo nyumba. Anayeachia jiwe hulizungusha kidogo tu kwa mkono. Likifika mbali na kuanza kupoteza kasi, linajikunja kwenda pembeni mita moja, hata moja na nusu. Utamu wote uko hapo: adui ameweka jiwe lake kukuzibia njia, wewe unalipitisha lako kwa ubavuni, linapinda na kwenda kukaa nyuma yake.

Kabla ya kushuka kwenye barafu tulikaa kwanza kwenye meza iliyo nyuma ya kioo. Mzee akaniuliza, "Profesa, jiwe nikilizungusha kufuata mshale wa saa, litapinda wapi?"

Nikachukua glasi tupu, nikaifudikiza mezani, nikaisukuma mbele huku nikiizungusha kufuata mshale wa saa. Ikateleza, ikapinda kushoto, ikagonga kopo la sukari.

"Kushoto," nikasema.

Nikaeleza, maana mwalimu hawezi kujizuia. Glasi inashikwa na meza chini, lakini mwili wake bado unataka kwenda mbele, kwa hiyo inaelemea mbele. Ukingo wa mbele ndio unaobeba uzito zaidi. Sasa, ukizungusha kufuata mshale wa saa, ukingo wa mbele unafagia kwenda kulia, na msuguano siku zote hupinga, kwa hiyo unausukuma kushoto. Ukingo wa nyuma unasukumwa kulia, ila umebeba uzito mdogo. Mbele inashinda, glasi inakwenda kushoto. Nilichora na mishale juu ya karatasi ya kufutia mikono. Utoto wangu wote umepita barazani kwenye ubao wa keram uliopakwa poda. Vitu vinavyoteleza nilidhani ni wenyeji wangu.

Mzee hakucheka. Alisema tu, "Haya, twende tukalitazame."

Akapiga goti, akaserereka na jiwe mkononi, akaliachia likizunguka kufuata mshale wa saa. Jiwe la kalingi lina sauti yake, ngurumo ya chini chini kama jiwe la kusagia linaloburutwa chumba cha pili. Lilikwenda limenyooka hadi nikaanza kutabasamu. Kisha likaanza kuvuta kulia. Likavuta, likavuta, likasimama zaidi ya mita moja kulia kwa mstari wa katikati.

Akaachia la pili. Kulia. La tatu akalizungusha kinyume cha saa, likaenda kushoto. Nikaomba kujaribu mwenyewe, nikiamini labda ana ujanja wa mkono. Wakanivisha kile kiatu chenye soli ya kuteleza mguu mmoja, nikaenda mzima mzima kifudifudi. Jiwe langu halikufika hata nyumbani, lakini kabla ya kukata roho lilipinda. Kulia.

Mzee akalipindua jiwe moja mbele yetu. Ni zito: kanuni zinaruhusu hadi kilo 19.96, karibu sawa na ndoo ya maji ya lita 20. Lakini halikalii tumbo lake lote. Chini limechimbwa kama kitako cha bakuli, na kinachogusa barafu ni pete nyembamba, upana wake milimita tano au sita, kutoka ukingo hadi ukingo sentimita 12 hivi. Akanishika kidole akakipitisha juu ya pete hiyo. Inakwaruza, kama ubavu wa kiberiti pale pa kuwashia njiti.

Barafu nayo si kioo. Njia ya jirani kulikuwa na kijana amebeba tangi mgongoni, anarudi nyuma hatua kwa hatua huku akirusha mkono kushoto na kulia, ananyunyiza matone ya maji. Kila tone linaganda papo hapo na kuwa kinundu. Jiwe linapita juu ya vinundu hivyo. Barafu ikiwa bapa kabisa, linashikwa na kusimama njiani.

Nikasimama pale nawaza, magoti yananiuma. Jiwe nalo linaelemea mbele kama glasi. Hilo halina mjadala. Kama linakwenda kulia, basi ule msuguano wa mbele, pale palipobeba uzito zaidi, ndio unaoshindwa. Hesabu yangu ilikuwa sahihi mstari kwa mstari, na jibu lilikuwa la kitu kingine.

"Usijisikie vibaya," mzee akasema. "Hapa hapa mjini, chuo chenu hicho, profesa Harrington alilipima suala hili mwaka 1924. Mpaka leo wanabishana."

Kumbe yule mkulima alikuwa amesoma kuliko mimi. Akatuambia kuhusu mwanafizikia Mark Shegelski wa jimbo la British Columbia, aliyesema kwamba uzito wa mbele unayeyusha barafu kidogo na kufanya utando wa maji, kwa hiyo mbele panateleza zaidi na nyuma panashika. Akatuambia kuhusu watafiti Waswidi wa Chuo Kikuu cha Uppsala, waliotoa jibu lao mwaka mmoja tu kabla: kwamba ile pete inayokwaruza inachora mikwaruzo membamba kwa mbele, na sehemu ya nyuma ikifika juu ya mikwaruzo hiyo inaifuata kama gurudumu linalofuata mtaro. Yeye mwenyewe aliwapenda Waswidi. Lakini, akasema, kuna jambo linamsumbua kila mtu: ukilizungusha jiwe mara nyingi zaidi, halipindi zaidi kwa kiasi hicho. Mizunguko miwili, mizunguko kumi, kupinda kunakaribiana. Glasi yangu isingekuwa na majibu ya hilo hata kidogo.

Hapo ndipo dada wa Kitale, ambaye hakuwa amesema neno tangu tushuke, akafungua mdomo.

"Mwalimu, lakini si kama kitanda cha wodini? Kile cha magurudumu. Ukikisukuma halafu gurudumu la kulia likashika, kitanda kinageukia kulia. Hili jiwe likizunguka hivi, upande wa kushoto unakwenda mbele mbio, wa kulia unarudi nyuma, kwa hiyo juu ya barafu wa kulia ni wa polepole. Labda ule wa polepole ndio unaoshika."

Nilimjibu nini? Nilimjibu kwa sauti ile ya mbele ya ubao. "Hapana, dada. Msuguano wa kuteleza hautegemei kasi. Kanuni hiyo imo kwenye kitabu cha sekondari."

Imo kweli. Kwa mbao juu ya mbao inatosha kabisa. Nilisahau kwamba nimesimama juu ya kitu kinachoyeyuka kikisuguliwa, ambapo kinachopita mbio hupata mtelezo zaidi na kinachojikokota hushikwa. Ukweli huo ulikuwa mbele ya macho yangu: watu wazima wawili walikuwa wanafagia barafu mbele ya jiwe kama wamepandwa na mashetani, wakiipasha joto ili jiwe liende mbali na lisipinde mapema. Dada akanyamaza. Mzee alimwangalia kidogo, kama anayetaka kuuliza kitu, halafu timu yake ikamwita.

Walishinda usiku ule. Nikajua desturi nyingine ya kalingi: aliyeshinda ndiye anayewanunulia vinywaji walioshindwa. Mzee alitununulia na sisi, ingawa hatukucheza, akasema mimi nimeshindwa vya kutosha.

Miaka ikapita. Nilirudi Tanga, dada akabaki Kanada, kitanda cha magurudumu nikakisahau. Mwaka 2016 Shegelski mwenyewe, pamoja na mwenzake Lozowski, wakatoa maelezo mapya: jiwe linashikwa na vinundu, linajizungusha juu yavyo kidogo kidogo, linateleza, linashikwa tena. Hata hapo sikushtuka. Ni mwaka 2022 ndipo nilipokutana na utafiti wa Jiro Murata wa Chuo Kikuu cha Rikkyo, Tokyo, aliyefuatilia mwendo wa mawe kwa kamera kwa usahihi mkubwa. Alichokiona ni kwamba tofauti ya msuguano iko kati ya kushoto na kulia: upande wa polepole unashikwa zaidi na vinundu, na jiwe linauzunguka.

Nilisoma aya ile mara tatu. Wapo wasiokubaliana naye, na Waswidi hawajatupa mikwaruzo yao. Lakini mimi nilikuwa nakiona kitanda cha wodini.

Nikahesabu saa za Kanada, nikampigia. Alikuwa ametoka zamu ya usiku. Nikamsomea ile sehemu nikiitafsiri, pole pole, hadi mwisho. Kimya. Nikadhani simu imekatika.

"Mwalimu."

"Naam, dada."

"Kwa hiyo nilishinda?"

"Ulishinda."

"Basi mimi ndiye wa kununua," akasema. "Ukija, niambie unakunywa nini."